Hotuba ya Kuzindua Bilinganya, Treni ya Umeme ya Aina ya 640

(Imetolewa na Mheshimiwa Tadokoro Yoshihide, Naibu Meya wa Mji wa Nagusawa na Mwenyekiti wa Kudumu wa Kamati ya Kuirejesha Aina ya 640, kwenye stesheni ya Nagusawa, Siku ya Reli, mwezi wa kumi.)

Mheshimiwa Meya wa Mji wa Nagusawa, ambaye hayupo nasi kwa sababu ya majukumu mazito ya kitaifa katika chemchemi za maji moto. Waheshimiwa Madiwani, mnaosalimiana na msiosalimiana. Mheshimiwa Mkuu wa Stesheni hii, cheo ambacho kimebaki wazi tangu ilipoletwa mashine ya kukatia tiketi, kwa hiyo naomba mashine ipokee heshima hiyo kwa niaba yake. Mtawa Mkuu wa hekalu letu, uliyekubali kukatiza usingizi wa mchana. Chama cha Wapiga Picha za Treni pamoja na ngazi zenu, ambazo nawasihi zisikanyage maua ya Halmashauri. Bwana Kurosu, Mkuu wa Idara ya Mabehewa wa Reli ya Umeme ya Hizuka, uliyetuheshimu kwa kuja na suti nyeusi, tai nyeusi na tasbihi mkononi, mavazi ambayo mtu mwingine angeyavaa msibani lakini mimi nayatafsiri kuwa ni sare ya ushirikiano. Na juu ya wote hao, Mama Mkubwa wangu, dada wa marehemu mama yangu, Bibi Ochiai Tsuyako, ambaye leo hii anatimiza miaka themanini na minane, umri tunaouita wa mchele kwa jinsi namba hiyo inavyoandikwa, akiwa na meno yake na masikio yake na, kama wengi wenu mnavyofahamu, ulimi wake. Nawasalimu wote kwa vyeo mlivyonavyo, mlivyokuwa navyo na mnavyovitafuta.

(Makofi. Bibi Ochiai hapigi makofi. Ameshika kamba ya pazia.)

Mabibi na mabwana, hotuba niliyoandaliwa na wataalamu ilikuwa nusu ukurasa, na iliishia kwenye maneno "sasa fungueni pazia." Lakini hivi punde, nilipokuwa nakunywa maji, Bwana Kurosu alinisogelea akaninong'oneza jambo sikioni, na baada ya kulifanyia tathmini ya haraka nikiwa nimesimama, Kamati, yaani mimi, imeazimia kwamba kwa maslahi mapana ya wananchi hotuba hii irefushwe.

(Minong'ono. Sauti ya Bwana Gondo, muuza tofu: "Jambo gani?")

Ni jambo la kiufundi, Bwana Gondo, na litafikiwa kwa utaratibu wake.

Kama mnavyoona, nyuma yangu limetandazwa pazia la mistari myekundu na myeupe, refu kama behewa zima, kuanzia mwisho wa jukwaa la abiria hadi kwenye mfereji, juu ya ardhi ya Mama Mkubwa. Ardhi hii aliupa mji bure, kwenye mkutano wa hadhara ambao wengi wenu mlikuwepo mkila keki za mchele za mochi, ili pajengwe makumbusho, na aliitoa kwa sharti moja alilolitamka bila kipaza sauti na likasikika mpaka kwenye zahanati: kwamba siku atakapofikia umri wa mchele awe amewekewa hapa behewa la mwisho la Aina ya 640, auguse mlango wa nne kwa mkono wake mwenyewe. Asipougusa, shamba linarudi kwake, na sisi tunaondoka na Kamati yetu.

(Bibi Ochiai: "Na mkono wenyewe ndio huu. Umeanza kuchoka. Nivute?")

Bado, Mama Mkubwa. Kwanza historia. Huwezi kuzindua kitu bila historia yake, ni kinyume cha taratibu za uzinduzi.

Aina ya 640, ndugu zangu, ilizaliwa mwaka wa thelathini na saba wa enzi ya Showa, yaani 1962, katika zama ambazo kila mwanamume wa bonde hili alikuwa ameacha jembe na kushika mkoba, na kila alfajiri wanaume hao walipakiwa kwenye mabehewa ya mbao yaliyokuwa yakilia kama mabata, wakashindiliwa na vijana wa stesheni wenye glovu nyeupe, mmoja akisukuma mgongo, wa pili akisukuma mkoba, wa tatu akisukuma wale wawili, mpaka Hizuka mjini. Ndipo Reli ya Umeme ya Hizuka ikaja na mkakati wa kimapinduzi: treni ya chuma ya mabehewa mawili, yenye mota nne kila behewa, mikono miwili ya kudaka umeme juu ya paa, na milango minne kila ubavu badala ya miwili, ili watu waingie kama maji na watoke kama maji. Mimi binafsi nilishiriki kuipokea.

(Bwana Gondo: "Ulikuwa hujazaliwa.")

Nilishiriki kwa roho, Bwana Gondo. Na kuhusu elimu yangu, kwa kuwa naona unataka kuifikia, niliacha shule baada ya darasa la tisa kwa sababu walimu walikuwa wamemaliza kila walichokuwa nacho.

Sasa rangi. Treni zote za nchi hii wakati ule zilikuwa za kahawia au kijani, rangi za watu wenye wasiwasi. Yetu ilipakwa zambarau iliyoiva, na paa lake likawa la mviringo, na ikitoka gereji asubuhi na umande juu yake ilikuwa bilinganya tupu, haihitaji ila kukatwa na kutiwa kwenye mchuzi wa miso. Wenye hila wanasema rangi ile ilikuwa mabaki ya kiwanda cha kimono. Takwimu za Kamati zinaonyesha kuwa asilimia tisini na saba ya wananchi hawaamini hivyo, na asilimia tatu waliobaki ni Bwana Gondo.

(Kicheko. Bwana Gondo ainama kwa heshima.)

Nguvu zake zilikuwa za kutisha. Dereva alipofungulia umeme kuupanda mlima Karasu, taa za mji mzima zilififia na masufuria ya umeme ya kupikia wali yakazimika kwa pamoja, wanawake wakajua treni ya saa kumi na mbili imeanza kupanda, wakangoja. Na ilipokuwa ikishuka upande wa pili, kwa teknolojia ambayo hata Wazungu walikuja kuichungulia, breki zake zilirudisha umeme kwenye waya kwa kishindo kiasi kwamba masufuria yaliwaka mara mbili. Kwa hiyo ilipopanda wali ulibaki mbichi, na iliposhuka wali uliungua, na watoto wa kizazi changu tulikua tukila tabaka mbili, na tazameni afya yangu.

(Makofi kutoka kwa wazee. Sauti: "Hilo kweli, wa kwetu uliungua.")

Mwaka wa jongoo ndio mwaka uliojenga jina langu. Vijana mnaweza msijue, lakini katika bonde hili kila baada ya miaka kadhaa jongoo hutoka ardhini kwa maelfu na kulala juu ya reli wakiota jua la vuli. Magurudumu yakiwaponda, reli inakuwa kama imepakwa mafuta ya ufuta. Aina ya 640 ilifika nusu ya mlima Karasu, ikaanza kuzungusha magurudumu pale pale, mota zinalia, abiria wanatazama saa zao, kwa sababu mnajua wenyewe, kuchelewa kazini kwetu ni kosa dogo kidogo kuliko kuua. Nikashuka. Nikavunja tawi la msonobari. Nikatangulia mbele ya treni nikifagia jongoo kulia, kushoto, kulia, kushoto, kutoka katikati ya mlima hadi kileleni, treni ikinifuata nyuma kwa adabu kama bibi harusi, na nilipofika juu dereva alinivulia kofia na kuniambia, "Kaka, wewe hutakufa mtu mdogo."

(Bibi Ochiai: "Ulikuwa ndani, unalia. Aliyefagia ni Teizo wangu. Wewe ulikuwa na umri wa miaka sita na ulitaka kukojoa.")

Mama Mkubwa anazungumzia awamu ya kwanza ya ufagiaji. Nashukuru kwa mchango huo.

(Kicheko kirefu.)

Na kwa kuwa marehemu Baba Mkubwa Teizo ametajwa, itifaki inanilazimu niuelezee mlango wa nne, ingawa hakuna hapa asiyeujua.

Wahandisi waliochora Aina ya 640 walikaa Hizuka, na Hizuka jukwaa la abiria ni refu. Hapa kwetu jukwaa lilikuwa fupi. Treni iliposimama, milango mitatu ya behewa la nyuma ilikuwa kwenye jukwaa, na wa nne ulikuwa nje yake, juu ya shamba la figili nyeupe la babu yangu, kimo cha mtu mzima kutoka ardhini. Kanuni ilisema kondakta, akifika Nagusawa, aufunge mlango ule kwa ufunguo wake, asimame, aunyooshee kidole na aseme kwa sauti, "Mlango wa nne, umefungwa, sawa." Ni utaratibu mzuri sana na ndio uliojenga taifa hili. Lakini siku moja ya mwezi wa kumi na moja kondakta mgeni alinyoosha kidole, akasema kwa sauti safi kabisa, "Mlango wa nne, umefungwa, sawa," huku mlango ukiwa wazi. Kwa kuwa alikuwa ameshatamka, hakuna abiria aliyeona ni adabu kumpinga.

Ndani ya behewa hilo alikuwapo karani wa kiwanda cha soksi, amelala wima, ameegemea mlango. Huyo ndiye Teizo. Alitoka akiwa bado usingizini, mkoba mkononi, na akatua kwenye mstari wa tatu wa figili, mbele ya msichana aliyekuwa anazing'oa. Kwa mujibu wa kumbukumbu za familia aliinuka, akainama mbele ya figili alizoziponda na kuziomba radhi moja moja.

(Bibi Ochiai: "Hakuinama. Alikuwa anatafuta kiatu.")

Alikuwa anatafuta kiatu. Na kesho yake?

(Bibi Ochiai: "Kesho yake mlango ulikuwa umefungwa. Akashukia mlango wa tatu, akazunguka kwenye mfereji, akaja mwenyewe kuulizia kiatu alichokuwa amekivaa.")

(Kicheko. Mtu mmoja miongoni mwa wazee: "Na wewe ukamtafutia.")

(Bibi Ochiai: "Nilimtafutia mpaka masika.")

Na kwa kuwa babu yangu alikuwa na mabinti tupu na hana wa kumwachia jina, Teizo aliingia nyumba ya Ochiai kama mkwe na akalichukua jina la nyumba, na kwa miaka arobaini aliipanda Bilinganya kwenda kazini, kila siku akisimama kwenye mlango ule ule, ambao Reli iliufunga kwa bolti lakini haikuweza kumzuia mtu kuuegemea. Rangi ya zambarau ikachubuka mahali pa bega lake. Reli ikapaka upya. Ikachubuka tena. Sasa hivi, mabibi na mabwana, ninaposema mlango wa nne, nasema habari ya bega hilo, na Mama Mkubwa ameniambia mara nyingi kwamba hahitaji makumbusho, hahitaji bango wala choo cha wageni. Anahitaji mahali palipochubuka.

(Mtawa Mkuu aamka.)

(Bibi Ochiai: "Umesema vizuri. Nivute sasa?")

Bado kidogo. Hatujafika kwenye kiyoyozi.

Katika kipindi cha maboresho, Aina ya 640 iliondolewa feni za darini na kuwekewa kiyoyozi chenye uzito wa fahali, na ikawa behewa la nyuma lina baridi ya kuhifadhia samaki na la mbele lina joto la bafu, hivyo waliooana kazini walipanda mbele, na waliogombana walipanda nyuma wakapoa. Yakaja maboresho mengine: vishikio virefu kwa wafupi, vifupi kwa warefu. Kisha zama zikabadilika, vijana wakahamia mji mkuu, treni ya watu mia tatu ikabeba watu tisa na mwanafunzi mmoja, na Reli ikaamua kuibadilisha kwa treni ya mtumba kutoka kampuni kubwa ya huko huko mji mkuu, ile ya chuma cha pua mnayopanda leo, isiyo na rangi wala tabia. Siku ya safari ya mwisho Wapiga Picha walijaa kwenye mabonde yote, wakigombania nafasi na kutukanana kwa lugha ya heshima kubwa sana. Bilinganya ikaingizwa kwenye banda la nyuma la gereji ya Hizuka. Ndipo mimi nikaunda Kamati.

(Makofi machache. Bwana Gondo: "Sasa mradi.")

Sasa mradi. Ahsante kwa kunisaidia ratiba.

Mradi wa Kuirejesha Aina ya 640, kwa kuzingatia upembuzi yakinifu, ushirikishwaji wa wadau na mpango mkakati, umetekelezwa katika awamu nne. Awamu ya kwanza ilikuwa kuunda Kamati. Awamu ya pili ilikuwa Kamati kujitathmini, na ilijiona vizuri. Awamu ya tatu ilikuwa pazia, hili hapa, ambalo ni la daraja la kimataifa. Na ya nne ni behewa lenyewe, ambalo kiutekelezaji limefikia asilimia ambayo nitaitaja baada ya kuwaeleza msingi wa mafanikio yetu, yaani mawasiliano.

Mimi nilikwenda Hizuka, nikakaa na Bwana Kurosu huyu huyu, tukanywa chai, nikasema ingekuwa jambo jema kama behewa lingepata mahali pa kupumzika. Bwana Kurosu akasema naye anaona lingekuwa jambo jema. Tukainama. Hapo ndipo makubaliano yalipofungwa. Tangu siku hiyo sikuuliza tena, kwa sababu kumuuliza mtu mzima mwenye cheo, "Je, lile jambo lipo?" ni kumwambia usoni kwamba unadhani amesahau, na Halmashauri hii haiwezi kumvunjia heshima mdau. Naye hakuuliza tunalichukua lini, kwa sababu hiyo hiyo. Huu ndio ushirikiano wa kiwango cha juu kabisa niliowahi kuushuhudia katika utumishi wangu.

(Bwana Gondo: "Jana usiku sikusikia lori. Behewa linaletwa na lori kubwa, na mimi naamka mapema kwa ajili ya tofu.")

Lori halikusikika, Bwana Gondo. Hiyo ni sahihi kabisa na inaingia kwenye kumbukumbu.

(Minong'ono inaongezeka. Wapiga Picha wapanda ngazi moja juu zaidi.)

Ndugu zangu, kabla ya shukrani, tuitikie pamoja kaulimbiu. Nikisema "Bilinganya," nyinyi semeni "Ni yetu."

Bilinganya.

(Sauti mbili tatu: "Ni yetu.")

Mlango wa nne.

(Bibi Ochiai, peke yake: "Uko wapi?")

Naingia kwenye shukrani.

Kwanza, namshukuru Mheshimiwa Meya kwa kutokuwapo, na ningetamani kujifunza kwake. Pili, nawashukuru mafundi wa pazia, ambao jana jioni walilifunga wakiwa pande zote mbili, wa mbele na wa nyuma. Wa nyuma waliona walichokiona, lakini kila mmoja alidhani kwamba mwenzake aliyemzidi umri ndiye atakayesema, na aliyewazidi umri wote alidhani ofisi inajua, na hivyo wote wakaenda nyumbani kwa utulivu na nidhamu.

Tatu, na hili nalisema polepole, namshukuru Bwana Kurosu kwa yokan.

(Bwana Kurosu ashika tasbihi kwa mikono miwili na kuinama.)

Ilikuwa mwezi wa saba. Mwezi wa saba mnaujua. Ndio msimu ambao kila mtu anampelekea mwenzake sanduku la zawadi ya katikati ya mwaka, na korido ya Halmashauri inajaa masanduku mpaka tunapita kwa ubavu. Bwana Kurosu alifika siku hiyo, akainama mpaka paji likagusa ncha ya meza, akasema, "Sina la kujitetea." Sasa kila anayefungua mlango wetu husema hana la kujitetea, hata anayeleta magazeti. Nasi tukainama chini kuliko yeye, maana ofisi ya umma haiwezi kushindwa kuinama, tukasema sisi ndio hatuna la kujitetea. Akaacha sanduku zito, limefungwa karatasi nyeusi, la duka kongwe kuliko yote Hizuka: yokan, halua ya maharagwe mekundu, vipande vinene kama matofali. Tukaliweka pamoja na zawadi nyingine za msimu. Tukalila. Na kwa kuwa sisi si watu wa kupokea bila kurudisha, tukampelekea sanduku la chai yetu ya kijani.

Leo hii, mabibi na mabwana, nilipokuwa nakunywa maji, nimefahamishwa kwamba sanduku lile halikuwa zawadi ya msimu. Lilikuwa la kuomba radhi. Mwezi wa sita banda la nyuma lilihitajika kwa ajili ya treni ya mtumba ya pili, na mkandarasi aliyeambiwa aondoe vyuma vikuukuu aliondoa vyuma vyote, kwa bidii ya kupigiwa mfano, Bilinganya na milango yake ikiwemo. Na chai yetu ilipofika kwa Bwana Kurosu, kwa kuwa chai ndiyo hurudishwa na waliofiwa, aliona kwamba tumeupokea msiba na tumemsamehe, na leo amekuja kwenye kumbukumbu ya marehemu, akiwa amevaa inavyostahili. Kwa hiyo yeye hajakosea mavazi. Tuliokosea mavazi ni sisi wengine wote.

(Bwana Kurosu abaki ameinama.)

(Bibi Ochiai: "Yoshihide.")

Naam, Mama Mkubwa.

(Bibi Ochiai: "Hiyo yokan ulikula?")

Kamati ilikula.

(Bibi Ochiai: "Nimekuuliza wewe.")

Nilikula. Na kipande kingine nilikipeleka nyumbani.

(Bibi Ochiai: "Ilikuwa nzuri?")

Ilikuwa nzuri sana, Mama Mkubwa.

(Bibi Ochiai: "Basi walijuta kweli. Bwana Kurosu, inua mgongo wako, utakwama hivyo. Wewe uliomba radhi na mimi sikuipata, imeliwa na mpwa wangu. Nimeipokea leo.")

(Bibi Ochiai anyanyuka, avuta kamba. Pazia laanguka. Nyuma yake pana shamba tupu, majani yaliyokatwa jana, na kunguru. Wapiga Picha, kwa mazoea, wapiga picha. Bibi Ochiai asogea mpaka mwisho wa jukwaa, anyoosha mkono mbele yake kwa kimo cha bega la mtu, auacha hewani kwa muda, kisha auteremsha.)

(Bwana Gondo avua kofia.)

Mnachokiona, ndugu zangu, ni nafasi. Lakini si nafasi ya hovyo hovyo. Urefu wake ni sawa kabisa na urefu wa behewa la Aina ya 640, jambo linaloonyesha kuwa mradi ulikuwa na vipimo sahihi.

(Bibi Ochiai: "Mwanangu, nyamaza kidogo.")

Nimenyamaza.

(Bibi Ochiai: "Shamba hili ni la nani sasa?")

Kwa mujibu wa sharti, na mbele ya mashahidi hawa, na mbele ya mashine ya tiketi, shamba ni lako, Mama Mkubwa.

(Bibi Ochiai: "Mwezi ujao napanda vitunguu. Hiyo Kamati yako ina watu wangapi?")

Kumi na wanne, pamoja na mshauri.

(Bibi Ochiai: "Waje wote. Mshauri atabeba samadi. Na wewe acha hiyo suti nyumbani.")

(Makofi makubwa, ya kwanza ya kweli tangu hotuba ianze.)

Mheshimiwa Meya usiyekuwepo, Waheshimiwa wote, mabibi na mabwana, kwa heshima na taadhima natangaza kuwa Mradi wa Kuirejesha Aina ya 640 umepanda ngazi na kuwa Mradi wa Vitunguu, ambao naamini utakuwa wa kwanza katika historia ya Halmashauri yetu kutoa kitu kinachoweza kushikwa. Nawashukuru kwa kuja kuiona treni ambayo hatukuwa nayo, kwenye makumbusho ambayo hatukuyajenga, juu ya ardhi ambayo si yetu tena, chini ya uongozi wangu, ambao, kama mlivyoshuhudia, ndio pekee katika mradi huu uliokuwepo mwanzo hadi mwisho.

Bendi ya shule, mliandaliwa kupiga mlio wa kuondoka kwa treni. Pigeni hivyo hivyo, watoto, mmefanya mazoezi.

(Bendi yapiga mlio wa kuondoka. Umati mzima, pamoja na Wapiga Picha, Mtawa Mkuu, Bwana Kurosu na Naibu Meya mwenyewe, warudi nyuma ya mstari wa manjano wa ukingo wa jukwaa na kusimama wima, kama inavyotakiwa treni inapoondoka. Bibi Ochiai peke yake abaki mbele ya mstari, akilipima shamba kwa macho.)